Aa. Sawa.

Maneno mawili. Si matusi, wala si kijembe. Tangu Jumatano yananizonga kama nzi wa msimu wa embe, nikiyafukuza huku yanatua kule.

"Umemfutia na Dive?"

"Ilibidi."

"Aa. Sawa."

Kisha mdogo wangu akauliza hali ya Bi Mkubwa, akaaga, akakata simu. Nikabaki nimesimama jikoni na mwiko mkononi, wali unaanza kushika chini.

Mdogo wangu mnamjua, sina haja ya kumtambulisha upya. Ndiye huyu wa Muscat, wa ghala la vyakula vya barafu, aliyemletea mwanangu ile DS Lite, mashine ya mkononi ya kuchezea gemu, mwezi wa Shaaban nami nikaandika humu kurasa nzima kwamba mtoto ataharibika macho. Kauli ile naifuta. Mashine ile imenikalisha kitako mimi kuliko mtoto.

Ilianza na bati la biskuti. Nilikuwa natafuta cheti cha kuzaliwa cha Bi Mkubwa, cha kupeleka spitali, kwenye lile kabati ambalo mlango wake haufungi, nikakutana na kaseti ya mdogo wangu ya Emerald, gemu la Pokémon, wale viumbe wa kubuni wa kukamata na kufundisha, imelala chini ya sindano na vifungo vya baibui. Game Boy Advance yetu, mashine ya kuichezea, ilikufa zamani, kitufe cha kuwashia kilizama hakikuibuka tena. Lakini DS Lite ina matundu mawili. La juu ni la kaseti zake yenyewe, zile ndogo. La chini ni la kaseti za Game Boy Advance. (Ilipotoka DSi mwaka 2008 tundu la chini lilikuwa limeondolewa, kwa hiyo mwenye DS Lite yake asiidharau kwa sababu ni ya zamani.)

Nikaichomeka. Kwanza ikaniambia betri ya ndani imekwisha. Moyo ukanilipuka, maana kwenye zile kaseti za Pokémon za kabla yake, Gold na Silver, betri ikifa kila ulichokihifadhi kinakufa nayo. Kumbe betri ya Emerald ni ya saa tu. Vitu vinavyokwenda kwa saa ndivyo vilivyosimama. Vingine vyote vipo. Jina la mdogo wangu lipo, masaa yake themanini na kitu yapo.

Na yeye yupo. Swampert, Pokémon wa majini, kiwango cha 61, jina alilopewa MPIGAMBIZI.

Waliokulia Mji Mkongwe hawahitaji maelezo. Mdogo wangu alikuwa mmoja wa wale vijana wanaojitupa baharini kutoka ukuta wa Forodhani, na kwa ajili ya ukuta ule alichapwa na Bi Mkubwa mara nisizoweza kuzihesabu. Alikuwa anarudi na chumvi kwenye nyusi, anakula, anajifunika shuka na Game Boy, anamtuma Swampert azame kwa niaba yake.

Sasa nieleze nilichokifanya, mnihukumu wenyewe.

Zamani zetu, kumtoa Pokémon kaseti hii kumpeleka kaseti ile kulitaka mashine mbili na waya katikati. Nyumba yetu ilikuwa na mashine moja, na huo waya tuliuona kwenye picha tu. Ndiyo maana Kadabra, Pokémon mwingine wa mdogo wangu, hakuwahi kugeuka kuwa Alakazam. Kadabra hageuki mpaka abadilishanwe na mtu, na sisi hatukuwa na mtu. Mdogo wangu alimfundisha tu, kiwango baada ya kiwango, kama mzazi asiyekata tamaa.

Lakini Diamond, kaseti nyingine ya Pokémon ambayo mwanangu anaicheza, ina mahali panaitwa Pal Park. Unaweka Diamond tundu la juu na Emerald tundu la chini, mashine moja hiyo hiyo, na wa kale wanavuka. Si rahisi hivyo. Kwanza lazima uwe bingwa, kisha uwe umewaona wote 150 wa orodha ya Sinnoh, nchi ya ndani ya Diamond, ndipo upewe orodha kubwa ya taifa, ndipo uteleze baharini kusini ya mji wa Sandgem mpaka ufike huko. Mwanangu alianza Shaaban, amemaliza majuzi. Mtoto ambaye hajamaliza daftari moja la hesabu.

Masharti yenyewe: wanavuka sita kamili, si watano wala saba, na wawe kwenye masanduku ya kompyuta ya mle mchezoni, si wale unaotembea nao. Wakishavuka, Diamond haipokei tena kutoka kaseti hiyo mpaka saa 24 zipite. Aliyevuka harudi. Na mwenye mbinu yoyote ya HM havuki.

HM ni zile mbinu za kufungulia njia. Surf ya kwenda juu ya maji, Waterfall ya kupanda maporomoko, Dive ya kuzama chini kabisa. Mpigambizi alikuwa nazo zote tatu, ya nne Earthquake. Na mbinu ya HM haifutiki kwa kumfundisha nyingine juu yake. Lazima umpeleke kwa mzee mmoja mjini Lilycove, humo humo ndani ya Emerald, kazi yake ni kusahaulisha.

Mdogo wangu alikuwa amehifadhi mchezo akiwa Sootopolis. Mji ule uko ndani ya shimo la volkano, maji katikati, na ukitaka kutoka kwa miguu yako hakuna mlango, unazama. Kwa hiyo nilimpanda Mpigambizi, tukazama naye, tukaenda kule chini kwenye giza na majani ya baharini, tukaibukia nje. Nilifurahi peke yangu kama mwehu. Nikaenda Lilycove.

Yule mzee nilimwambia aanze na Surf. Akakataa! Hafuti Surf ikiwa hakuna Pokémon wako mwingine anayeijua, usije ukakwama kisiwani. Nikatoka, nikamkamata Tentacool pale pale baharini, nikamfundisha Surf, nikarudi. Mzee akaridhika, akafuta. Akafuta na Waterfall. Nilipomwambia Dive, akafuta tu, hakuniuliza lolote.

Hapo ndipo akili yangu inaporudi kila nikilala. Waliotengeneza mchezo walikaa wakafikiri, wakaiwekea Surf mlinzi. Dive hakuna aliyeiwekea.

Mwanangu akawanasa wote sita kule Pal Park. Unapewa mipira sita maalumu, na kila mpira unashika, kwa hiyo hakuna wa kukosa, lakini alipiga kelele kama timu imefunga goli. Ukifungua taarifa za Mpigambizi sasa jina la mwenyewe bado ni la mdogo wangu, na inaandikwa kwamba katoka Hoenn, nchi ya ndani ya Emerald, na tarehe ya kufika ni ya wiki hii. Tena aliyetoka kwa mwenyewe mwingine hupata uzoefu mara moja na nusu ya wenyeji. Mdogo wangu akisikia hilo atasema mwajiri wake hajapata habari.

Surf tumemrudishia siku ile ile, na Waterfall pia, maana Diamond inazo. Dive haina. Katika Sinnoh ile hakuna pa kuzamia, na hakuna wa kumfundisha. Nilikuja kulitambua hili baada ya simu. Yeye alilijua kabla ya kuuliza, ndivyo ninavyoamini mimi, kwa sababu alisema "na Dive". Ile "na".

"Umemfutia *na* Dive?"

Nimeisema kwa sauti zote. Nimeisema kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya vitunguu. Nimeisema kwa sauti ya mtu aliyekuta chumba chake amepewa mgeni. Kwenye daladala Alhamisi niliisema kwa midomo, bibi mmoja akadhani namsalimia, akaniitikia.

Ningeweza kujibu mambo mengi. Ningeweza kusema, "Lo, kwani hairudi?" Ningeweza kusema samahani. Ningeweza, kabla ya yote, kumpigia simu kabla ya kwenda Lilycove, lakini nilitaka kumshtukiza, na mtu anayetaka kumshtukiza mwenzake hupenda zaidi sura yake mwenyewe akishukuriwa. Nikajibu "Ilibidi." Mnajua nafanya kazi wapi. Mnajua neno hilo nalisema mara ngapi kwa siku pale dirishani, faili la mtu limehamishwa, ilibidi, picha zake zimebanduliwa, ilibidi. Sikujua kuwa nimelibeba mpaka jikoni kwangu.

Bi Mkubwa katolewa mtoto wa jicho la kushoto Alhamisi, alhamdulillahi anaona mpaka vumbi langu la juu ya kabati, na ofisini wakaguzi wamekuja siku tatu mfululizo, na binamu yetu wa Pemba amechumbiwa hatimaye. Ijumaa nilikaa ukumbini mwa spitali nikisubiri afunguliwe bandeji, na nilikuwa nafikiria Swampert.

Basi jana alfajiri, kabla sijatoka kwenye mswala, simu ikatetemeka. Ujumbe wa sauti, dakika nne. Mdogo wangu hatumi ujumbe wa dakika nne. Niliogopa kuufungua, nikakunja mswala kwanza, nikabandika chai.

Nusu ya kwanza ni jicho la Bi Mkubwa. Halafu anasema, dada, juzi ulinipigia niko juu ya foklifti, kuna kreti za kuku zinayeyuka, sikukusikia vizuri. Halafu anacheka. Anasema, "Unajua jina lile nilitaka liwe MPIGA MBIZI, mbalimbali, mwalimu alikuwa ametusahihisha wiki ile ile. Gemu likakataa. Herufi kumi tu, nafasi nayo inahesabiwa."

Nilihesabu kwa vidole, chai inafurika. Kumi kamili. Miaka yote hii nilidhani aliunganisha kwa sababu hakujua kuandika, na nilikuwa namcheka.

Nikampigia. Akapokea, nyuma yake baridi ya ghala inavuma kama bahari.

"Kwa hiyo hukukasirika?"

"Kuhusu nini?"

"Dive."

Akanyamaza kidogo. Mimi na kunyamaza kwake tunajuana tangu utotoni, na bado siwezi kusema lilikuwa la nini.

"Huko mbele ana kazi gani na Dive," akasema. "Kwenye kaseti yangu amebaki nani?"

"Wengine wote uliokuwa nao. Na Tentacool."

"Tentacool gani? Sikuwahi kufuga Tentacool miye."

"Nimemkamata mimi. Wa kumwachia Surf."

"Kumbe," akasema, na hapo akacheka kweli, kile kicheko chake cha puani, "umemchukua mtu wangu ukaniachia mtu wako."

Akataka kujua kama nimempa jina. Sijampa. Akanipa kazi: nimpe jina, herufi zisizidi kumi, na nisimfute hata akija nani. Nikamwambia mtu aliyekwisha kamatwa hapewi jina jipya pale pale alipo, kuna mzee mwingine wa majina mji wa Slateport, itabidi nimpeleke. Akasema, basi mpeleke, Surf si anayo. Nimekaa siku nzima jana na tabasamu la kijinga, hata wali wa mchana ulitoka vizuri.

Kadabra kavuka akiwa Kadabra, nimesahau kuwaambia. Pal Park si kubadilishana, kwa hiyo hakugeuka. Mwanangu alimtazama akasema, "Maskini," basi.

Sasa huyu mtoto amekwisha sikia skuli kwamba wa Diamond wanaweza kuvuka tena kwenda Black, kaseti ya Pokémon ya baada yake. Hapo mashine moja haitoshi, zinatakiwa DS mbili, na ameshamwona wa nyumba ya tatu anayo. Nimemwambia Mpigambizi hatoki tena bila mjomba wake kuulizwa. Amenitazama kama mimi ndiye mtoto. Nilimwambia ampigie mwenyewe, akasema mjomba atakuwa kwenye foklifti.

Nilitaka kuandika na majina niliyofikiria ya Tentacool, lakini kuna sauti ya tone jikoni. Nimekwenda mara mbili na tochi. Si bomba. Ni juu ya friji, pale pale fundi alipopiga misumari mipya mwezi uliopita, na vuli yenyewe bado haijaanza sawasawa. Nimeweka beseni. Dawa ya jicho ya Bi Mkubwa imo ndani ya friji hiyo, na nyuma yake kuna soketi.