Uani kwa Mama

Baba alipofariki mwaka 2006 hatujatimiza miaka miwili katika nyumba mpya ya Mwanga, hapa Kigoma. Aliijenga kwa jasho lake, Mungu amrehemu: sebule ya vigae, jiko ndani, choo ndani, madirisha ya vioo yanayotazama barabara. Alitaka Mama apumzike na moshi wa kuni.

Kisha ikaja eda, kipindi ambacho mjane wa Kiislamu hukaa nyumbani baada ya kufiwa na mume. Miezi 4 na siku 10, nayo hukaliwa katika nyumba ya mume.

Ujiji, tulikozaliwa, nyumba zetu zina baraza mbele, ukumbi umenyooka katikati, vyumba vitatu huku na vitatu huku, halafu ukumbi unakutoa uani. Uani kuna jiko, mkeka na mbingu. Shangazi yangu alikaa eda pale, jua likimpiga mgongoni, majirani wakija kwake kwa mlango wa nyuma, wala hakuna mwanamume wa nje aliyemwona.

Mama hakuwa na pa kukaa ila chumbani. Sebuleni anaweza kuingia mgeni yeyote, na akitoka nje yuko barabarani. Mapazia yalishinda yamefungwa. Wanawake waliokuja kumpa pole walikaa wima kwenye makochi, wakinong'ona kama wako wodini, wakaaga mapema. Mwezi wa pili Mama akawa anajibu kwa kichwa tu. Watu walisema ni msiba. Mimi naamini hadi leo kwamba nusu ya ukimya ule ilitoka kwenye nyumba.

Jumamosi moja mimi na Mjomba tukanunua mabanzi. Tukachimbia nguzo nyuma ya jiko, tukazungushia mabanzi na mabati ya zamani kwa kimo cha kumzidi mtu mrefu. Mjomba akaacha kimlango upande wa jirani. Nikatandika mkeka.

Mama alisimama kizingitini muda mrefu. Akavua kandambili, akakaa, akanyoosha miguu, akatazama juu. Akaomba ungo wa mchele. Alipepeta kidogo, mikono ikasimama, akaanza kulia kwa sauti, kilio ambacho hatukukisikia tangu siku ya mazishi. Nilitaka kumkimbilia, Mjomba akanishika mkono.

Jioni mama wa jirani alipiga hodi kwenye kile kimlango cha mabanzi.

"Karibu," Mama akaitikia. "Pita huku huku uani."