Jina la Ba halimo

Tangu Jumanne namsikia kichwani Ba, kama Wagujarati wanavyomwita mama mzee. "Mwanangu, umelitafuta vizuri jina langu kwenye rejista ya hekalu?" Nami: "Nimetafuta, Ba. Halimo." Akavua miwani, ile yenye mkono uliofungwa uzi, akaifuta kwa upindo wa sari, halafu akauliza polepole: "Basi miaka yote ile nilikuwa mgeni?"

Nilimjibu kuwa korti huangalia rejista ya wanachama. Ni kweli, ila hakuniuliza habari za korti.

Mnaofuata kesi hii ya uchaguzi wa kamati ya hekalu, ambamo pande mbili zinagombea uongozi, mnajua tulikofika. Zuio la muda la korti limeongezwa, mdogo wangu ameposa, Mombasa stima imepotea siku mbili, yote yamenipita. Mimi niko kwenye rejista tu.

Chama kilichosajiliwa chini ya Sheria ya Vyama ya Kenya, Sura ya 108, hakishtaki wala kushtakiwa kwa jina lake. Huwakilishwa kortini na viongozi wake. Sasa kiongozi ni nani, ikiwa ndicho kinachogombewa? Kila upande una kumbukumbu zake za mkutano mkuu, na kwa kuwa mabadiliko ya viongozi huarifiwa kwa Msajili wa Vyama ndani ya siku 14, kila upande hukimbia na fomu yake. Msajili asiporidhika, kifungu cha 18 kinamruhusu kudai kwa maandishi, ndani ya mwezi mmoja, ushahidi kwamba ugomvi umemalizwa na viongozi halali wapo, au kwamba kesi imefunguliwa. Wakipuuza, anaweza kufuta usajili. Huku nyuma benki haijui ikubali sahihi ya nani, na mshahara wa pujari, kuhani wa hekalu, unakwama.

Mbele ya jaji mambo hurudi palepale: siku ile nani alikuwa na haki ya kura? Hata kule Flushing, New York, kwenye hekalu la Ganesha, kesi iliyoanza 2001 ilisimama hapo. Je, katiba ya 1970 yenye wanachama wapiga kura ingali na nguvu, au wadhamini waendelee kuchaguana wenyewe? Korti ikaishika ile ya 1970, ikateua mtu wa kusimamia uchaguzi.

Na rejista huharibiwa na vitu vidogo mno. Mwanamke wa Kigujarati huandikwa jina lake, la baba, kisha la ukoo. Akiolewa, la mume hukaa mahali pa la baba. Karani huyu ataongeza "ben" mwishoni mwa jina, yule ataiacha. Kitambulisho nacho kina tahajia yake. Ada ya familia huandikwa kwa jina la mume peke yake, na mume akifariki hupigwa mstari mwekundu, mjane akafutika pamoja naye bila mtu kukusudia.

Hapo kalamu ilinisimama jana usiku. Mstari mwekundu!

Leo alfajiri nimefungua vitabu vya risiti, vile vya kaboni ya buluu. Zimo. Mwaka baada ya mwaka kwa jina la marehemu mumewe, na baada yake kwa jina la Ba, bila "ben". Mama wa watu hakuacha kulipa hata mwaka mmoja. Hakuna aliyejali kulihamisha jina kutoka kwenye risiti hadi kwenye rejista.

Sasa, kwanza ni barua kwa kamati kudai rejista irekebishwe kama katiba inavyoelekeza, maana ombi linaloruka njia za ndani hutupwa mapema. Kisha hati ya kiapo ya Ba: risiti zote nakala, kila moja na alama yake, cheti cha ndoa na cha kifo, na aya inayoeleza kuwa majina haya yote ni ya mtu mmoja. Tarehe zionekane wazi kwamba ni kabla ya rejista kufungwa. Wanaolipa ada ya miaka mitano kwa mkupuo wiki ya uchaguzi ndio wanaowatia wengine doa.

Nimempigia. "Ba, risiti zimepatikana."

"Zangu?"

"Zako."

Kimya kirefu, kisha: "Umekula lakini?"

Mawingu yametanda tangu mchana na paa la chumba cha Mama bado linavuja upande wa kitanda. Fundi alisema Alhamisi. Simu yake haipatikani.