Kojani, Kwa Mkaza Mjomba

Nilifika likoni saa tano asubuhi, Jumamosi ya bamvua, na maji yalikuwa yamekupwa mpaka mwisho. Mashua iliegea mbali. Nikavua viatu, nikapandisha buibui, nikakanyaga tope hadi magotini. Kojani, kisiwa kidogo kando ya Pemba, unaiona pale pale, nyumba zimebanana kama dagaa kwenye uteo, lakini anayepanga saa ya kuvuka ni maji, si wewe.

Nilikwenda kumwona mjomba, ndugu wa mama. Wakojani ni watu wa dago: huhamia pwani za watu miezi kadhaa, huvua, kisha hurudi. Mjomba alirudi na mke kutoka Tanga, Mbondei wa Muheza, Muanglikana. Kwao Magila wamisionari walifika tangu karne ya 19, misheni ile ile iliyojenga kanisa la Mkunazini kwetu Unguja.

Kwa sheria ya dini ndoa yao haina tatizo, mwanamume Muislamu anaruhusiwa kumuoa kitabia, yaani mwanamke Mkristo au Myahudi. Lau ningekuwa mimi niliyempenda Mbondei, angetakiwa asilimu kwanza. Nililiwaza hilo tukiwa tumezunguka sinia la wali na changu, nikalimeza na wali.

Chumbani kwa mkaza mjomba, pembeni ya kitanda, niliona kitu kimesimama kimefunikwa kanga. Nikadhani cherehani. Akafunua: mashine ya boti, bado inanuka petroli.

"Hii yangu," akasema. "Mimi simrithi mjomba wako, unajua."

Nilijua. Asiye Muislamu harithi kwa Muislamu. Labda aachiwe wasia, nao usizidi thuluthi. Mjomba hakutaka kungojea wasia. Aliita mashahidi, akampa mashine kwa hiba, yaani zawadi, akaibeba mwenyewe begani hadi humu chumbani, kwa sababu hiba isiyokabidhiwa ni maneno tu. Watoto wa mke mkubwa walinuna. Mmoja mpaka leo akipita hasalimii.

"Sasa akienda baharini?"

"Anaazima. Wakigawana samaki, sehemu ya mashine inakuja kwangu." Akacheka, akarudi kwenye ukili wake. Anasuka haraka kuliko majirani waliomfundisha, nao wanalijua hilo.

Jumapili alfajiri maji yalikuwa yamejaa hadi kwenye kuta. Mjomba alirudi msikitini, kanzu bado mwilini, akasimama mlangoni kwa mkewe.

"Hodi. Mama, naomba mashine yako."

"Ya kwenda wapi?"

"Kukuvusha. Kanisa la Wete litakungoja?"

Alikuwa tayari, kitabu cha nyimbo amekifunga kwenye leso. Alimtazama mjomba akiinama kuibeba ile mashine, magoti yakilia.

"Rudi saa kumi, maji yakijaa," mjomba akamwambia tulipofika ng'ambo. "Kabla ya hapo utatembea tope."

"Na wewe ujaze mafuta," akajibu. "Jana umeirudisha kavu."