Siku mama mdogo alipoiona njia yake

Mwezi wa pili 2020 ndo niliona ile kazi ya Simon Weckert, msanii wa Berlin kule Ujerumani. Jamaa alikusanya simu 99 za mtumba, zote ziko hewani na ramani ya Google imefunguliwa, akazipakia kwenye kigari cha kuvuta kwa mkono akatembea nacho taratibu barabarani. Njia iko nyeupe kabisa, lakini kwenye ramani ikageuka nyekundu, eti foleni! Maana ramani haina jicho pale barabarani, inachosoma zaidi ni simu zetu, ziko wapi na zinaenda spidi gani. Niliirudia hiyo video usiku kucha, na mpaka leo naihesabu ni kazi kali sana kwa sababu haihubiri, mtu anavuta kigari basi.

Mimi nachora kwa mkaa. Nikapata wazo, niwaombe ndugu zangu wanifungulie historia ya lokesheni kwenye simu zao, halafu kila mmoja nimchoree mistari ya alikopita mwezi mzima, karatasi moja mtu mmoja. Wadogo zangu walicheka tu wakanipa, hawana shida.

Mama mdogo ndo akaja na yake, akasema mwanangu mimi hutakuta kitu, hiyo kitu sijawahi kuiwasha. Nikafungua. Ipo, miaka miwili nyuma.

Nikaanza kuchora kama nilivyofanya kwa wengine, mkaa unapita nyumbani, kazini, kanisani, nyumbani, na kuna kona moja mstari ukawa unarudi palepale, kila Alhamisi, mpaka karatasi ikawa nyeusi tii sehemu hiyo. Sikuwaza chochote, nilikuwa naangalia weusi ulivyokaa vizuri (hiyo bado inaniuma). Nikanyanyua macho nikaona ameacha kuongea. Ilikuwa hospitali. Alikuwa anaenda kutibiwa na hajamwambia mtu, hata mumewe, na mimi nimekaa pale naikoleza kwa mkaa.

Akaweka kiganja juu ya ile sehemu nyeusi akaisugua polepole mpaka ikawa ukungu mtupu, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwanangu, hii nani mwingine kaiona?"

Nikakosa la kumjibu. Nilianza kumweleza habari za seva, zile kompyuta za mbali zinazotunza hizi kumbukumbu, nikaona ujinga nikanyamaza.

Akajifuta mkono. "Na leo, kuja kwangu hapa kwako, nako kumeandikwa?"

Tukashusha hadi tarehe ya siku ile. Kupo, na dakika aliyofika ipo. Akaangalia weee, halafu akavaa miwani yake akaniambia nionyeshe pa kufutia, tukaanza kufuta siku mojamoja japo kulikuwa na njia ya kufuta zote kwa pamoja, hiyo hakuitaka, alitaka aione kila siku kwanza ndo aibonyeze mwenyewe.