Nilivyoanza kuwatembeza wageni geto la Łódź

Nilikuja Łódź, Poland, kujifunza Kipolandi kabla ya kuingia chuo kikuu, kama Waafrika wengi waliopita hapa tangu miaka ya 1960. Chumba cha bei nafuu nilikipata Bałuty, mtaa ambao wakati wa Vita Kuu ya Pili ulikuwa geto, yaani eneo walimofungiwa Wayahudi. Wajerumani walilifunga mwisho wa Aprili 1940, Wayahudi wapatao 160,000 wakiwa ndani.

Wageni kutoka nyumbani huniuliza walikufaje. Mimi nilitaka waone kwanza walivyoishi, hasa vijana, lakini uzio wa mbao na seng'enge uliondolewa zamani. Nikaamua tufuate kwa miguu nyendo za kijana wa miaka 15.

Tunaanzia Plac Kościelny, palipokuwa na daraja la mbao juu ya barabara ya Zgierska. Tramu za watu wa nje ya geto zilipita chini. Yeye alipanda ngazi na kushuka, njaa tumboni. Kisha Marysin, upande wa mashamba, ambako mwanzoni vijana walilima pamoja na kusoma. Shule zilifungwa vuli ya 1941, Wayahudi karibu 20,000 walipoletwa kutoka Vienna, Prague, Berlin na kwingineko, madarasa yakawa malazi. Kilichobaki ni karakana: kushona sare za jeshi la Ujerumani, kusuka viatu vya majani makavu. Asiyefanya kazi alikuwa hatarini.

Kwenye nyua za nyumba za zamani ndipo ninapokawia. Septemba 1942 watoto wa chini ya miaka 10, wazee na wagonjwa, zaidi ya watu 15,000, walichukuliwa wakauawa Chełmno, kambi ya mauaji ya Wajerumani. Mwaka uliofuata, watoto waliosalia walikuwa wakikusanya vifuniko vya rangi vya paketi za sigara na kuvichezea kama karata, na kugonganisha vibao viwili vya mbao vidoleni mpaka mtaa mzima ukavuma.

"Kaka, waliwezaje kucheza baada ya hayo?" mgeni mmoja aliniuliza. Nilimpa vibao nilivyochonga mwenyewe. Alihangaika navyo kweli, maana si rahisi, na tangu hapo sitoki bila vibao mfukoni.

Stesheni ya Radegast ni mbali, tunapanda basi. Agosti 1944 treni za kwenda Auschwitz, kambi nyingine ya mauaji, ziliondokea hapo, na orodha za majina zimewekwa ukutani, kwa hiyo sina haja ya kueleza sana. Mgeni mwenye haraka akinitaka nipunguze kituo, napunguza hicho. Nyua za Bałuty sizikati.