Baba yao amerudi

Alipiga hodi Jumamosi saa nne asubuhi, nami nakanda unga wa mahamri ya oda. Miaka sita sijaisikia sauti ile mlangoni, na bado niliijua kabla hajafika hodi ya pili. Kijana wangu wa miaka 11 ndiye aliyefungua. Akarudi jikoni akaniambia, "Mama, kuna mtu anakuulizia."

Mtu. Babake huyo.

Aliondoka kwenda Doha mwaka 2018, binti yetu akiwa anatambaa. Mwanzo alituma pesa, kisha zikawa za kudondoka, kisha ikaja talaka kwa simu. Nikakaa eda, nikamaliza, nikaanza kuuza mahamri na mbaazi hapa Majengo, Mombasa.

Sasa anakaa Likoni kwa dadake, na Jumamosi huvuka feri kuja kuwachukua watoto. Wifi yangu wa zamani alikuja na halua na maneno matamu: tufunge nikaha upya. Nikamjibu, "Wifi, eda yangu iliisha zamani. Nikaha mpya yataka mahari mapya, na huenda akawa nayo. Moyo ndio mimi sina."

Majirani nao: ni baba yao, huwezi kuwazuia. Nani aliyewazuia? Katiba yetu ya 2010 naijua, kifungu cha 53: mtoto ana haki ya kulelewa na baba na mama, wawe wameoana au hawakuoana, na jukumu lao ni sawa. Neno hilo "sawa" lilinitoa machozi. Usawa ulikuwa wapi nilipombeba binti yangu kifua kikimlia filimbi, natafuta tuktuk saa nane za usiku?

Kwa hivyo kabla ya matembezi yao ya kwanza nilimketisha baba yao barazani nikamfundisha pampu ya pumu. Itikise. Atoe pumzi kwanza, ndipo ubonyeze, avute polepole, abane, uhesabu hadi kumi. Mikono yake ilitetemeka. "Alianza lini?" akauliza. Akiwa na miaka mitatu, nikamwambia. Akainamisha kichwa, na sikumfariji.

Walirudi kutoka ufukwe wa Mama Ngina midomo imewaka pilipili ya mihogo, binti akinisimulia meli kubwa iliyokuwa ikiingia bandari ya Kilindini. Tangu siku ile humwita baba. Kaka yake hamwiti chochote. Akiulizwa hujibu, macho chini. Nawaomba shangazi zake na majirani wamwache. Mtoto huyu alikaa barazani Iddi mbili akingoja simu ambayo haikulia, na mimi ndiye niliyemwingiza ndani kulala na kanzu yake mpya mwilini.

Jumamosi moja baba yao alikuja saa saba, akasema ni feri. Nilimwambia, "Baba watoto, cha kwangu sikudai. Lakini ukiwaahidi saa nne, iwe saa nne. Feri naijua. Vuka mapema."

Juzi alifika saa nne kasoro robo, akakaa barazani kusubiri. Binti alipomtokea mbio, kabla ya lolote baba alimuuliza, "Pampu iko wapi?"

Kijana wangu alikuwa amesimama mlangoni anatazama. Aliingia ndani, akaitoa kabatini, akampa mkononi. Kisha akarudi chumbani kwake, na wao wakaondoka wawili.