Soma sevu kabla hujagusa betri

Kaseti za gemu za Game Boy, kile kifaa cha mkononi cha Nintendo, hufika soko la Kibuye, Kisumu, ndani ya marobota ya vitu vya watoto, zimechanganyika na wanasesere wasio na mikono. Ukiishika kaseti kwa hamu, bei inapanda papo hapo. Mimi hubagain kigari kibovu kwanza, kisha naomba kaseti iwe nyongeza.

Nyumbani nasugua yale meno ya shaba kwa pamba na spiriti mpaka pamba itoke safi, kisha naichomeka kaseti kwenye kisomaji cha USB ili ninakili gemu. Tetris ya 1989 ni kilobaiti 32 tu. Pokémon Red ni megabaiti moja. Faili ikishaingia kwenye kompyuta nakokotoa CRC32 yake, yaani namba ya kuhakiki faili, na kuilinganisha na katalogi ya No-Intro, orodha ya mtandaoni ya nakala sahihi za gemu. Zikilingana, nakala ni nzima. Zisipolingana, narudi kwa spiriti, maana mara nyingi ni uchafu tu.

Wengi huishia hapo, na hapo ndipo ninapokosana nao. Gemu yenyewe imejaa kwenye diski za watu dunia nzima, haiendi popote. Kinachokaribia kupotea ni sevu, yaani rekodi ya mchezaji alipofikia. Katika Pokémon Red inakaa kwenye kumbukumbu inayotegemea betri ndogo ya duara iliyochomelewa ndani. Betri ikifa, imekwenda. Fundi akiibandua aweke mpya bila kuisoma kwanza, imekwenda vilevile.

Juzi nimefungua sevu moja ya Pokémon, gemu ya kukamata viumbe, nikakuta Blastoise, kiumbe mwenye nguvu, anaitwa BISCUIT, na sanduku la kuhifadhia limejaa Rattata, viumbe vya kawaida kabisa. Huyo mtoto alizikamata zote za nini? Master Ball, mpira unaokamata kiumbe chochote bila kukosa, bado iko mfukoni, haijatumika, imetunzwa kama soda ya Krismasi. No-Intro haina mahali pa kuandika hayo, kwa hiyo nina orodha yangu: jina la gemu, CRC32, nilikoinunua, na kilichokuwa ndani ya sevu.

Kama uko Kisumu na unayo kaseti, usiifungue. Zile skrubu za milimita 3.8 hazitaki bisibisi ya kawaida, na watu huyeyusha ncha ya kalamu ya Bic wakaigandamiza juu yake. Inafanya kazi, ila hakuna haja: sevu husomwa kaseti ikiwa imefungwa. Na msiniandikie kuomba gemu, zina wenyewe. Nitakachokupa ni sevu yako.